Leafs Wanacheza Leo, Lakini Redio Ipi?

Jioni ya Januari, saa moja kasoro dakika 5. Niko ndani ya gari kwenye maegesho ya jengo letu hapa Scarborough, mashariki ya Toronto. Nje ni nyuzi 15 chini ya sifuri, injini inanguruma, kioo cha mbele kimefunikwa na ukungu na mimi nabonyeza vitufe vya redio kwa vidole vilivyokufa ganzi. Kwenye 590 kuna mabwana wawili wanabishana kuhusu besiboli, mchezo ambao msimu wake uko mbali miezi miwili na ushei. Nahamia 1050. Hapo ndipo ninapowakuta Leafs, timu ya hoki ya mji huu, na sauti ile ile niliyoisikia juzi kwenye 590.

Wageni wengi wanaofika mji huu huniuliza swali hilo hilo, hasa wale waliokwisha ambukizwa ugonjwa wa hoki na wenzao kazini: mbona timu moja ina redio mbili? Na ndugu yangu aliyeko Dubai, aliyeishi hapa miaka minne akarudi Ghuba na jezi ya buluu, anauliza lake: mbona anasikia vizuri uchambuzi wa kabla ya mechi, halafu mechi ikianza stesheni ile ile inampigia vipindi vya maongezi? Majibu yapo. Tatizo ni kwamba yametawanyika kati ya mikataba ya kampuni, mipaka ya nchi na tabia za mawimbi ya redio, na hakuna aliyejisumbua kuyaweka pamoja.

Kwanza tuelewane ni hoki gani. Nairobi ukisema hoki, mtu anawaza uwanja wa City Park, nyasi bandia na kijimpira cheupe. Hii ninayozungumzia ni ya barafuni. Uwanja una urefu wa mita 61 na upana wa mita 26, umezungushiwa ukuta mfupi na vioo, na kinachogombaniwa ni kisahani cheusi cha mpira mgumu chenye uzito wa gramu 170 hivi. Kila upande una watu 6 barafuni, kipa akiwamo, na wanabadilishana bila mchezo kusimama. Mchezaji hukaa barafuni chini ya dakika moja, akatoka akihema. Vipindi ni vitatu vya dakika 20, mapumziko mawili ya dakika 18. Ukijumlisha na filimbi zote, mechi inakula saa mbili na nusu.

Na mechi ni nyingi. NHL, ligi kuu ya hoki ya Amerika Kaskazini, ina timu 32, na kila moja hucheza mechi 82 kabla ya kufika hatua ya mtoano. Kuanzia msimu wa 2026-27 zinakuwa 84. Mtu anayefanya kazi, ana watoto na ana safari za basi hawezi kukaa mbele ya televisheni mara 82. Hapo ndipo redio inapoingia. Unaosha vyombo, unaendesha gari, unapiga pasi, na mechi iko nawe.

Sasa ile habari ya redio mbili. Toronto Maple Leafs ni mali ya kampuni iitwayo Maple Leaf Sports & Entertainment. Mwaka 2012 majabali mawili ya mawasiliano ya Kanada, Bell na Rogers, ambao kwa siku za kawaida hawapikiki chungu kimoja, walinunua sehemu yake kubwa pamoja, kila mmoja akashika asilimia 37.5. Bell ana stesheni ya michezo, TSN 1050. Rogers ana yake, Sportsnet 590 The FAN, iliyoanza kuwa redio ya michezo tupu mwaka 1992. Hakuna aliyekubali mwenzake abebe Leafs peke yake. Basi wakafanya kama wake wenza wanaogawana zamu: leo kwako, kesho kwangu. Mechi zikagawanywa katikati, lakini watangazaji wakabaki wale wale, Joe Bowen, aliyesema msimu wa 2025-26 ndio wake wa mwisho, akieleza mchezo na Jim Ralph, kipa wa zamani, akichambua. Ndiyo maana sauti haibadiliki hata namba ikibadilika.

Mwaka 2024 Rogers alitangaza kununua sehemu ya Bell kwa dola bilioni 4.7 za Kanada, na Julai 2025 biashara ikakamilika. Mtu angedhani mambo ya zamu yameisha siku hiyo. La. Bell hakuondoka mikono mitupu, alijiwekea haki za muda mrefu za kuendelea kutangaza sehemu ya mechi. Umiliki wa timu na haki za matangazo ni vitu viwili, na ukivichanganya hutaelewa chochote katika biashara hii.

Kwa msikilizaji, jambo la kufanya ni dogo: hifadhi namba zote mbili kwenye redio ya gari na utazame ratiba ya timu, ambayo huandika mechi ipi iko wapi. Lakini jihadhari na mwezi Aprili na Oktoba. Rogers ndiye pia mwenye Blue Jays, timu ya besiboli, na 590 ndiyo nyumba yao. Michezo miwili ikigongana, mmoja lazima uhame au usubiri, na mara nyingi hutajua mpaka umebonyeza.

Fundo la pili ni la televisheni, na hapa redio ina siri ambayo mashabiki wengi hawaijui. Haki za televisheni zimekatwa vipande vipande. Kuna mechi za taifa, anazozishika Rogers kwa mkataba wa mabilioni, na kuna mechi za kanda, zinazoonyeshwa tu kwa watu wanaoishi katika eneo la timu. Jirani yangu wa zamani alihamia Calgary kwa kazi. Akiwasha televisheni kutazama mechi ya kanda ya Leafs anakuta skrini imezimwa kwa ajili yake, isipokuwa alipie kifurushi cha ziada. Watangazaji nao hubadilika kufuatana na nani ameshika mechi ya usiku huo. Redio haina tabia hiyo. Haki za redio hubaki mikononi mwa timu yenyewe, na timu huziuza kwa stesheni ya nyumbani. Usiku wa Jumamosi televisheni ya taifa inapoweka watangazaji wake wanaojitahidi kutopendelea, redio inaendelea na watu wako. Mtoano ukifika, Marekani televisheni za kanda huruhusiwa raundi ya kwanza tu halafu zinanyang'anywa. Redio ya timu inaendelea mpaka fainali, kama timu itafika. Leafs hawajabeba kombe tangu 1967, kwa hiyo hilo la fainali tuliache.

Tuje kwenye njia zenyewe. Ya kwanza ni ya kizamani, na mimi ndiyo niipendayo: mawimbi ya AM, masafa ya kati. Haina usajili, haina bando, haina nywila. Ina tabia moja ya ajabu. Utotoni Likoni, redio ya babu mchana ilishika stesheni za hapa hapa. Usiku ilikuwa inajaa Kiarabu cha ng'ambo ya bahari, tukidhani ni uchawi. Si uchawi. Juu angani kuna matabaka ya hewa yenye chaji za umeme. Mchana jua hulijenga tabaka la chini, nalo linayameza mawimbi ya AM yanayopanda. Jua likizama tabaka hilo linatoweka, mawimbi yanafika tabaka la juu zaidi na kudundishwa kurudi ardhini mamia ya kilomita mbali. Mechi za hoki huchezwa majira ya baridi, jua likiwa limezama kabla hata ya saa kumi na mbili jioni. Yaani mchezo huu na masafa haya vilizaliwa kwa ajili ya kila mmoja. Usiku wa kutulia nikiwa kando ya Ziwa Ontario, nimewahi kusikia mechi za miji ambayo ningehitaji siku nzima kuifikia kwa gari.

Lakini usiku huo huo stesheni nyingi hulazimika kupunguza nguvu au kuelekeza mawimbi upande mmoja ili zisiingiliane. Na ndani ya jengo la ghorofa AM inateseka: chaja ya simu, taa za LED, lifti, kila kimoja kinatia mkwaruzo wake. Redio ndogo isogeze dirishani na uizungushe taratibu, maana antena yake ya ndani ina upande inaosikia na upande inaoziba masikio. Mke wangu alinikuta nimeiweka juu ya friji, imeegemea mfuko wa unga, imeinama kama mnara wa Pisa. Usiguse, nikamwambia, hapo ndipo penyewe. Na kama unataka kununua gari la umeme, uliza kwanza: baadhi hayana AM kabisa, kwa sababu mota zake huivuruga na watengenezaji wakaona heri kuiondoa.

Njia ya pili ni setilaiti. SiriusXM hubeba mechi zote za NHL, ila ni ya kulipia na ni ya Marekani na Kanada tu. Kwa dereva wa lori anayetoka Toronto kwenda Winnipeg, anayepita masaa porini bila mnara wa simu hata mmoja, hii haina mpinzani. Kwa mwingine yeyote naona ni anasa.

Ya tatu ni programu ya simu ya ligi yenyewe, ile ya NHL. Fungua mechi ya siku, tafuta alama ya kusikiliza, na utapewa uchague: sauti ya wenyeji au sauti ya wageni. Ni bila malipo, na ndiyo ninayompa kila mtu aliye nje ya Amerika Kaskazini. Ndugu yangu wa Dubai alihangaika miezi na tovuti za mashaka zilizojaa matangazo ya kamari, kumbe kitu kilikuwa mfukoni mwake. Kuna utamu wa ziada: Leafs wakifungwa vibaya, hamia upande wa pili usikie wenzenu wanavyosherehekea. Ni kujitesa, najua, lakini utajifunza mengi kuhusu timu yako kwa kuwasikiliza wanaoifurahia ikianguka.

Ya nne, inayozua malalamiko kuliko zote, ni mkondo wa mtandaoni wa stesheni yenyewe. Stesheni hununua haki ya kutangaza katika eneo fulani. Mnara wa redio una mpaka wake wa asili, lakini intaneti haina, kwa hiyo mkataba unalazimisha uwekwe mpaka wa bandia. Kompyuta yao inatazama anwani ya intaneti unayotumia, inakisia uko nchi gani au mkoa gani, na ukiwa nje ya mstari inakupa kipindi kingine badala ya mechi. Hilo ndilo lililomkuta ndugu yangu. Kipindi cha uchambuzi kabla ya mechi ni mali ya stesheni, alikisikia. Kisahani kilipodondoshwa ikaanza mechi yenyewe, ambayo mkataba umeiwekea mpaka, akafungiwa mlango. Wako wanaotumia VPN, programu ya kuficha mahali ulipo, kujifanya wako Toronto. Kiufundi huweza kufanya kazi, kimkataba ni kuvunja masharti ya huduma, na wakati programu ya ligi ipo bure sioni haja. Nimewahi kulipia huduma moja ya namna hiyo kwa mwaka mzima. Ilikatika wiki ya pili na fedha sikurudishiwa.

Hapo nisisahau wenzetu wa Bukavu, Goma na Bujumbura, ambao wengi wamehamia Montréal na Gatineau. Nyinyi mna bahati ambayo sisi wa Kiingereza hatuna. Montréal Canadiens, mahasimu wakubwa wa Leafs, wana matangazo ya Kifaransa kwenye 98.5 FM, ambako kwa miaka mingi Martin McGuire ametangaza na Dany Dubé akichambua. Ni FM, kwa hiyo sauti ni safi kama maji ya mtungi, na Kifaransa cha hoki cha Québec ni lugha ya peke yake. Rafiki yangu Mkongomani, mwalimu wa Kifaransa kabisa, alikiri kwamba mechi 3 za kwanza hakuelewa hata theluthi.

Kwa walio mbali, saa ndiyo mtihani. Mechi nyingi za Toronto huanza saa moja jioni. Majira ya baridi hiyo ni saa tisa usiku Nairobi, Dar na Kampala, na saa kumi alfajiri Muscat na Dubai. Kanada ikisogeza saa mbele Jumapili ya pili ya Machi, kwenu Afrika Mashariki inakuwa saa nane usiku, na watu hukosa kipindi cha kwanza kila mwaka kwa kusahau hilo. Leafs wakienda pwani ya magharibi, wakaanza saa nne usiku ya Toronto, Afrika Mashariki ni saa kumi na mbili asubuhi au kumi na moja: mechi ya kusikiliza kwenye daladala au matatu. Zitafute pia mechi za mchana za wikendi. Ile ya saa saba mchana wa Januari hapa ni saa tatu usiku huko, saa ya watu waungwana.

Bando si tatizo. Sauti inayotumwa kwa kilobiti 64 kwa sekunde hula megabaiti 29 hivi kwa saa, kwa hiyo mechi nzima ni kama megabaiti 75. Hata ikiwa mara mbili ya ubora huo hufiki 150. Video ya mechi hiyo hiyo ingekula bando la wiki.

Kinachosumbua zaidi ni masikio. Mtu aliyekulia kwenye redio ya kandanda, enzi za Leonard Mambo Mbotela akikupeleka uwanjani ukiwa umekaa jikoni, anajua namna ya kusikiliza mpira. Hoki inakimbia mara tatu ya hapo. Mwezi wa kwanza nilisikia majina tu, kama mwalimu anaita orodha ya darasa huku anafukuzwa na mbwa. Kilichonisaidia ni kuacha kuyafuata majina na kufuata mahali. Barafu imekatwa na mistari miwili ya buluu, na mtangazaji mzuri hutaja kila mara kisahani kiko upande gani: ndani ya mstari wetu, katikati, ndani ya mstari wao, kwenye kona, nyuma ya goli. Ukijua mahali, majina yatakuja yenyewe. Halafu sikiliza sauti zilizo nyuma ya mtangazaji. Kisahani kikigonga ukuta kinatoa mlio mzito. Kikigonga mwamba wa goli ni chuma, na uwanja mzima unaguna. Watu 18,000 wakivuta pumzi kwa pamoja kuna jambo linakuja, na utalijua nusu sekunde kabla hujaambiwa.

Ufundi huo una umri wa zaidi ya miaka 100, na ulizaliwa mji huu. Februari 8, 1923, Norman Albert alitangaza kipindi cha mwisho cha mechi ya hoki kupitia CFCA, redio ya gazeti la Toronto Star. Siku chache baadaye gazeti hilo likamtuma kijana wake mwingine, Foster Hewitt. Walimweka ndani ya kijisanduku cha vioo kando ya barafu na simu mkononi, vioo vikaingia ukungu kwa pumzi zake, akawa anatangaza asichokiona vizuri. Hewitt hakuachia kipaza sauti kwa miongo kadhaa. Uwanja wa Maple Leaf Gardens ulipofunguliwa Novemba 1931 alijengewa kibanda kilichoning'inia mita 17 juu ya barafu, na kutoka huko mwito wake wa "anapiga, anafunga!" ulienea Kanada nzima. Mashamba ya Saskatchewan, ambako hakuna aliyewahi kuona Toronto, yalijaa mashabiki wa Leafs kwa sababu ya sauti tu.

Bowen alikalia kiti hicho mwaka 1982. Mwito wake ulikuwa "Holy Mackinaw!", na ukiusikia ulijua kuna goli au kipa amefanya muujiza. Baada ya janga la korona yeye na Ralph walilazimika kutangaza mechi nyingi za ugenini wakiwa studio Toronto, wakitazama skrini kama sisi wengine, ili gharama za safari zipungue. Msikilizaji makini huweza kuhisi. Mtu aliye uwanjani anaona mchezaji anayeruka ukuta kuingia barafuni mita 30 kutoka kwenye kisahani. Mwenye skrini anaona kile tu mpiga kamera alichomchagulia. Kwangu mimi hiyo ni hasara kubwa kuliko mkwaruzo wote wa AM.

Limebaki jambo moja, la wale wanaotaka kutazama picha za televisheni lakini wasikie watangazaji wa redio. Linawezekana, ila vyombo haviendi pamoja. AM hufika karibu papo hapo, televisheni huchelewa sekunde kadhaa, na mkondo wa simu huweza kuchelewa nusu dakika au hata dakika nzima, kwa sababu sauti hukatwa vipande na kurundikwa akiba kidogo kabla ya kukufikia. Nikitumia redio ya AM nyumbani, mimi hupiga makofi peke yangu jikoni, wanangu sebuleni bado wanaona kipa ameshika, wameshanipiga marufuku. Namna ya kusawazisha ni kungoja mwamuzi adondoshe kisahani katikati ya wachezaji wawili. Magongo yatagongana, sauti kavu, haikosewi. Ukiisikia kabla ya kuiona, kinachotakiwa kusimamishwa kidogo ni sauti, na hilo simu inaliweza ila redio ya AM hailiwezi. Ukiiona kabla ya kuisikia, bonyeza kitufe cha kusimamisha televisheni, hesabu, achia. Mara ya kwanza utakosea. Kipindi kikianza upya baada ya mapumziko itabidi ufanye tena, kwa sababu mkondo wa simu huwa umeshateleza sekunde mbili tatu wakati ulipokwenda kuchemsha chai.